REZOLUSHENI: NUKTA MOJA YA PICHA INABEBA MITA NGAPI ZA NGORONGORO?

Leo siongelei siasa wala mpira. Naongelea neno ambalo vijana tunalikuta kila tukikaa mbele ya kompyuta au tukienda kununua simu: rezolusheni. Liko kwenye boksi la simu, liko kwenye tangazo la TV, liko kwenye duka la kuchapisha picha, na siku hizi limeingia hata kwenye mijadala ya ardhi na wanyama, maana hoja nyingi sasa zinakuja na ramani ya setilaiti mkononi.

Hata kulitafsiri tu ni kazi. Kuna tafsiri za Kiswahili zimeandika "azimio la skrini". Azimio! Sisi wa mkoa wa Arusha tukisikia azimio tunawaza Azimio la Arusha la mwaka 1967, sio kioo cha simu. Kwa hiyo hapa nitasema rezolusheni tu, na kile kidoti kidogo kinachojenga picha nitakiita nukta. Wataalamu wanakiita pikseli, ni kitu kilekile.

Maana yake kwa ufupi: rezolusheni ni uwezo wa picha kutenganisha vitu viwili vilivyo karibu. Mbuzi wawili wamesimama bega kwa bega. Je, kwenye picha unawaona wawili, au unaona kitu kimoja tu cheupe? Ukiwaona wawili, rezolusheni inatosha kwa kazi hiyo. Ukiona kimoja, haitoshi, hata kama picha ina nukta milioni mia. Shikeni hilo, maana watu wengi wanadhani rezolusheni ni wingi wa nukta. Wingi wa nukta unasaidia, lakini sio wenyewe.

ANZA NA JICHO LAKO

Jicho nalo lina rezolusheni. Mtu mwenye macho mazuri anatenganisha vitu viwili kama pengo kati yao ni takriban sehemu moja ya 60 ya nyuzi moja. Usiogope hesabu, kanuni yake ni rahisi: ukiwa mita 1 kutoka kwenye kitu, jicho linaishia milimita 0.3 hivi. Ukiwa kilomita 1, linaishia sentimita 30 hivi. Umbali ukiongezeka mara mbili, na nukta ya jicho inakua mara mbili.

Sasa peleka hesabu hiyo pale juu ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro, pale wageni wanaposhuka kwenye magari kupiga picha. Sakafu ya kreta iko chini kama mita 600, na wanyama unaowatazama wanaweza kuwa kilomita 3 au zaidi kutoka ulipo. Kwa kilomita 3, nukta moja ya jicho lako ni sentimita 90. Nyati ana urefu wa mwili kama mita 2 na nusu na kimo cha mita 1 na nusu, kwa hiyo jicho lako linampata kwa nukta 3 kwa 2. Faru mweusi ana mita 3 na nusu hivi kwa urefu, nukta 4 kwa 2. Tofauti ya nukta moja! Ndio maana mgeni anapiga kelele "faru!" na dereva anajibu kwa upole "hapana mama, huyo ni nyati". Dereva hana macho ya ajabu. Anajua faru hupenda kukaa wapi na anatembea vipi. Anajazia kwa uzoefu kile ambacho jicho haliwezi.

Chukua darubini ya mkononi inayokuza mara 8. Nukta ya sentimita 90 inashuka hadi sentimita 11. Pembe ya faru ya nusu mita sasa ina nukta 4 au 5, inaonekana. Hapo hubishani tena na mtu. Hiyo ndiyo rezolusheni, na umeielewa bila kugusa kompyuta.

MEGAPIKSELI ZA SIMU

Twende kwenye simu. Dukani utaambiwa "hii ni megapikseli 50, ile ni 12, chukua hii". Megapikseli 50 maana yake nukta milioni 50. Swali ni je, kila nukta imeleta habari yake mpya, au zimerudia habari ileile?

Mwanga ukipita kwenye lenzi haukusanyiki kwenye ncha kama ya sindano. Unatengeneza kiduara kidogo. Kwa lenzi nyingi za simu kiduara hicho kina upana wa mikroni 2 hivi (mikroni ni sehemu moja ya elfu ya milimita). Kwenye simu nyingi za megapikseli nyingi, nukta moja ya kupokea mwanga ina mikroni 0.7 au 0.8. Yaani kiduara kimoja cha mwanga kinafunika nukta kama tatu kwa upana. Ni sawa na kuchora mstari kwa makaa kwenye karatasi ya hesabu yenye vijumba vidogo sana: vijumba ni vingi, lakini mkaa ni mnene.

Watengenezaji wanalijua hilo. Ndio maana simu nyingi za megapikseli 48 au 50 zinaunganisha nukta nne kuwa moja, na wewe unapata picha ya 12 au 12.5. Za 108 zinaunganisha tisa, unarudi kwenye 12 hivihivi. Sio wizi, zikiungana zinakusanya mwanga mwingi na picha ya jioni inatoka safi. Lakini usilipe hela ya ziada kwa sababu ya namba tu.

Halafu kuna kuvuta. Ukivuta kwa vidole mara 4 kwenye simu isiyo na lenzi ya pili ya kuvutia, simu haisogei popote. Inakata katikati ya picha na kuikuza. Mara 4 kwa upana na mara 4 kwa kimo ni 16. Picha ya milioni 12 inabaki na nukta 750,000 za kweli, zilizobaki simu inazibuni kwa kukadiria. Kwa hiyo picha ya simba wa mbali uliyoivuta hadi mwisho ikitoka kama imechorwa kwa rangi ya maji, usilaumu simu. Na kabla ya yote, futa lenzi. Vumbi jekundu la Karatu linashusha rezolusheni kuliko kitu chochote mnachouziwa dukani.

SKRINI ILIYO MBELE YAKO

Wakongwe wa intaneti kafe mtakumbuka zile skrini za chogo za miaka ya 2000, nukta 800 kwa 600, herufi zina meno kama msumeno. Skrini bapa za kawaida zilizokuja baadaye nyingi ni 1366 kwa 768, jumla yake ni nukta milioni moja na ushee tu. Maana yake ukifungua picha ya megapikseli 12 ikajaa kwenye skrini hiyo, unaona nukta moja tu kati ya kila 11 au 12 ulizopiga. Zingine zimebanwa. Kwa hiyo picha mbili, moja nzuri na moja mbovu, zinaweza kufanana kabisa kwenye kompyuta ya kafe. Ukitaka kuijua picha, ifungue kwa asilimia 100, nukta kwa nukta, uitembeze.

Je, skrini yenye nukta nyingi zaidi ni bora siku zote? Inategemea umekaa wapi. Rudi kwenye kanuni ya jicho. Ukikaa sentimita 60 kutoka kwenye kompyuta, jicho linaishia milimita 0.18 hivi. Skrini ya inchi 19 yenye nukta 1366 kwa upana ina nukta za milimita 0.3. Hapo unaweza kuziona ukikazia macho, na skrini kali zaidi itakusaidia. Lakini simu ya inchi 6.5 yenye nukta 720 kwa 1600 ina nukta za milimita 0.09, na ukiishika sentimita 30 kutoka usoni jicho lako linaishia palepale, 0.09. Ile ya 1080 kwa 2400 inashuka hadi 0.06, ambayo wengi wetu hatutaiona mpaka tuinusie pua. Kama bajeti ni ndogo, weka hela kwenye betri.

KUCHAPISHA: HAPA NDIPO HELA INAPOTEA

Vijana wengi wa huku tunaishi kwa utalii kwa namna moja au nyingine. Kuna wanaopiga picha za wageni, kuna wanaotengeneza kalenda, kadi na mabango ya makampuni ya safari. Sasa sikilizeni.

Kwa picha ya kushika mkononi, wachapaji wanataka nukta 300 kwa inchi. Sio uchawi: inchi moja ukiigawa mara 300 unapata milimita 0.085, ndiyo mwisho wa jicho kwa sentimita 30. Kwa hiyo:

- Picha ya inchi 4 kwa 6 inahitaji 1200 kwa 1800, megapikseli 2 na kidogo. Karibu simu yoyote inatosha.
- Ukurasa wa A4 unahitaji 2480 kwa 3508, karibu megapikseli 9. Simu nzuri inatosha, kama hukuvuta.
- Bango la upana wa mita 3 linalotazamwa kutoka mita 10 ng'ambo ya barabara: jicho linaishia milimita 3, kwa hiyo nukta 1000 kwa upana zinatosha kwa mtazamaji wa mbali.

Umeona kitu cha ajabu hapo? Bango kubwa linaweza kuhitaji nukta chache kuliko kalenda ya ukutani. Mchapaji akikuambia "bango ni kubwa, lete picha ya megapikseli 100", muulize watu watasimama umbali gani.

Mtego mkubwa uko kwenye kutuma. Picha ya megapikseli 12 ukiituma WhatsApp kwa njia ya kawaida, inaweza kumfikia mchapaji ikiwa imebaki milioni 2 au pungufu. Kwenye simu yake inaonekana safi kabisa, kwa sababu skrini ya simu ni ndogo. Ikifika kwenye A4, twiga ana ukungu na mteja anakataa kulipa. Mwaka 2023 WhatsApp waliongeza chaguo la HD, ni afadhali, lakini kwa kazi ya kulipwa tuma kama dokumenti, au kwa barua pepe, au mpelekee flashi mkononi. Nauli ya bodaboda ni ndogo kuliko hasara ya kalenda 200.

SASA TUPANDE JUU: SETILAITI

Huku juu ndiko neno rezolusheni linakuwa zito, maana linagusa watu na riziki zao. Kwenye picha ya setilaiti kila nukta ni kipande cha ardhi. Swali la kwanza kabisa ni: nukta moja ni mita ngapi?

Chukua sakafu ya kreta ya Ngorongoro, kama kilomita za mraba 260. Tuone kila setilaiti ingeikata vipande vingapi:

- Landsat 1, iliyorushwa mwaka 1972, nukta ya mita 80 hivi: nukta 40,000 na ushee.
- MODIS, chombo kilichobebwa na setilaiti ya Terra mwaka 1999, nukta ndogo kabisa mita 250: nukta 4,160 tu.
- Landsat za kuanzia 1982 hadi Landsat 8 (2013) na 9 (2021), mita 30: nukta 289,000 hivi.
- Sentinel-2 ya Ulaya, ya kwanza ilirushwa 2015, mita 10: nukta milioni 2.6.
- WorldView-3, ya biashara, ilirushwa 2014, sentimita 31: nukta bilioni 2.7, yaani skrini za kafe zaidi ya 2,500.

Unaweza kuuliza, mbona wenye mita 250 walihangaika na kitu kibovu namna hiyo wakati teknolojia ya mita 30 ilishakuwepo? Kwa sababu MODIS ilitengenezwa kupita karibu kila siku na kupiga eneo pana sana. Landsat moja inarudi mahali palepale baada ya siku 16, zikiwa mbili ni siku 8. Sentinel-2 mbili zinarudi kila siku 5. WorldView-3 inapiga ukanda wa kilomita 13 tu, hata kreta yenyewe haiingii kwa mpigo mmoja, na picha zake zinauzwa. Ukitaka kuona vidogo, unaona eneo dogo na unaona mara chache. Na kwa mawingu ya nyanda zetu za juu, kupita mara nyingi ni jambo kubwa. Setilaiti kali ikipita siku ya ukungu Oldeani, imekula hasara.

NUKTA YENYE MCHANGANYIKO

Chukua eka moja ya shamba hapa Karatu, mita za mraba 4,047. Kwa Sentinel-2 ni nukta 40. Kwa Landsat ni nukta 4 na nusu, na za pembeni zimekatwa nusu shamba lako nusu la jirani. Kwa MODIS nukta moja inameza eka 15: mahindi, mbaazi, njia ya ng'ombe, miti ya mpakani, nyumba mbili, vyote vimechanganywa vikawa rangi moja. Ni kama kuonja mchuzi: unajua una chumvi, hujui punje ziko wapi.

Korongo la mmomonyoko lenye upana wa mita 5 kwenye mteremko linaweza kupotea kabisa ndani ya nukta ya mita 30. Lakini majaruba ya vitunguu ya Mang'ola, kijani kibichi karibu na Ziwa Eyasi wakati wa kiangazi, yanaonekana hata ukiwa na Sentinel-2 ya bure, kwa sababu yako mengi pamoja na yanatofautiana sana na ardhi kavu inayoyazunguka.

Hapo kuna siri moja. Kitu kidogo kuliko nukta kinaweza kugundulika kama kinang'aa sana. Mlima wa Oldoinyo Lengai, uliolipuka kwa nguvu kuanzia Septemba 2007, ulifuatiliwa na MODIS kwa kutumia joto, na kwa kazi hiyo nukta zake ni kilomita 1 nzima. Lava ilikuwa eneo dogo sana ndani ya nukta hiyo, lakini ni ya moto kiasi kwamba nukta yote inapanda joto. Setilaiti inajua kuna moto, haijui moto una umbo gani. Kugundua ni kitu kimoja, kutambua ni kingine.

Vivyo hivyo paa jipya la bati. Linarudisha mwanga kama kioo, linaipandisha nukta nzima. Nyumba ya udongo na samadi haifanyi hivyo.

NANI ANAONEKANA, NANI HAONEKANI

Hapa ndipo nilipotaka kufika. Nyumba ya Kimaasai ya asili tuseme ni mita 3 kwa 5, mita za mraba 15. Ndani ya nukta ya Landsat ni chini ya asilimia 2. Ndani ya Sentinel-2 ni asilimia 15. Na imejengwa kwa vitu vilevile vilivyopo ardhini pale, kwa hiyo rangi yake ni ya ardhi. Kwa picha ya sentimita 50 ni nukta 60, hapo mtu makini anaiona.

Mwaka 2021 Google walitoa bure ramani yao ya majengo ya Afrika, Open Buildings, iliyotengenezwa kwa kompyuta kusoma picha za sentimita 50. Ni kazi kubwa na inasaidia mengi. Lakini wao wenyewe walieleza kwamba kompyuta inapata taabu kwenye majengo madogo sana na kwenye nyumba za vijijini zilizojengwa kwa vitu vya asili, kwa sababu zinafifia kwenye mazingira yake. Sasa fikiria mwenyewe: bati la mjini Karatu linahesabika kirahisi, boma la Endulen linahitaji uangalifu. Mtu akichukua ramani bila kujua hilo, atasema kule hakuna watu.

Hifadhi ya Ngorongoro ilianzishwa mwaka 1959 ikiwa eneo la wanyama na wafugaji kwa pamoja, na tangu 2022 kuna kaya zilizohamia Msomera, Handeni. Kila mtu ana msimamo wake kuhusu suala hilo, na mie leo sigombani na mtu. Ninachosema ni hiki: katika mjadala wa namna hiyo, ambapo watu wanaongelea idadi ya maboma, mifugo na hali ya majani, ramani ya setilaiti ni ushahidi, na ushahidi una kipimo. Picha inaweza kuonyesha majani yamepungua kwenye tambarare. Picha hiyohiyo ya mita 30 haiwezi kukuambia ni ng'ombe wa nani, wala kama ni ng'ombe au ni nyumbu.

Na wanyama nao wamo. Mwaka 2023 watafiti walichapisha kazi ambayo kompyuta ilihesabu karibu wanyama nusu milioni, wengi wao nyumbu, kwenye picha za setilaiti za Serengeti na Mara, picha za sentimita 38 hadi 50. Nyumbu mmoja hapo ni nukta chache tu. Mwaka 2025 ikatoka kazi nyingine kwa picha za Agosti 2022 na 2023, ikapata chini ya nyumbu 600,000, wakati idadi iliyozoeleka kutajwa ni kama milioni 1.3. Tofauti hiyo ni kubwa mno. Je, nyumbu wamepungua, au wengine walikuwa chini ya miti, au nje ya eneo lililopigwa? Ndiyo maswali ya kuuliza. Kutoonekana sio kutokuwepo, na vilevile idadi ya zamani kuzoeleka sio kwamba ni kweli. Nyumbu hao ndio wanaoshuka kuzalia upande wa Ndutu, kwa hiyo namba hiyo inagusa ugali wa watu wa huku.

MIPAKA: SETILAITI HAISOMI NAMBA YA GARI

Kuna vijana wanaamini Google Earth inawatazama moja kwa moja. Tulieni. Google Earth ilitoka mwaka 2005 na inaonyesha picha zilizopigwa siku zilizopita, wakati mwingine miaka iliyopita. Kwa sentimita 31, mtu akitazamwa kutoka juu ni nukta moja au mbili. Land Cruiser ya safari ni nukta 16 kwa 6, unajua ni gari, hujui ni la nani.

Na sio suala la kuongeza nukta tu. WorldView-3 inaruka kilomita 617 juu na kioo chake kina upana wa mita 1.1. Kwa sheria ya mwanga, kioo hicho kinaishia sentimita 38 hivi. Ni kilekile kiduara cha mwanga tulichokiona kwenye simu! Kusoma namba ya gari unahitaji kama sentimita 1, na kwa kimo hicho ungehitaji kioo cha upana wa mita 40.

Ndio maana vitu vidogo tunavishukia chini wenyewe. Chukua nyayo za Laetoli, humohumo Ngorongoro, zenye miaka milioni 3.66. Ule mstari uliogunduliwa mwaka 1978 na timu ya Mary Leakey una nyayo kama 70 kwenye urefu wa mita 27. Mita 27! Safari nzima ya wale mababu inaingia ndani ya nukta MOJA ya Landsat, na nafasi inabaki. Hata nyayo zilizoelezwa mwaka 2016 na timu iliyoongozwa na Fidelis Masao wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambazo kubwa zina wastani wa sentimita 26, kila moja ni ndogo kuliko nukta ya WorldView-3. Timu hiyo ilipiga picha nyingi kwa karibu, zinazopishana, kisha kompyuta ikazijenga kuwa umbo lenye kina. Kamera ya kawaida ikiwa mita moja kutoka ardhini imeshinda setilaiti.

FANYA MWENYEWE, NUSU SAA YA KAFE

Fungua Copernicus Browser, ni bure ukijisajili. Tafuta Karatu, chagua Sentinel-2, chagua siku isiyo na mawingu mwezi wa kiangazi. Tafuta barabara ya lami inayopanda kutoka Rhotia, halafu tafuta nyumba yenu. Barabara utaipata, nyumba huenda usiipate. Kisha nenda palepale kwenye Google Earth, tumia rula yake, pima upana wa paa. Gawanya kwa 10. Jibu likiwa chini ya 1, umeshajua kwa nini hukuiona.

Na popote utakapoonyeshwa picha, iwe dukani, kwa mchapaji au kwenye mkutano wa kijiji, uliza maswali manne:

1. Nukta moja ni mita ngapi, au milimita ngapi?
2. Ilipigwa lini, na mawingu yalikuwaje?
3. Nukta hizo ni za kweli, au zimekuzwa?
4. Kitu mnachoniambia kipo au hakipo, kina ukubwa wa nukta ngapi?

La nne ndilo linalowashinda wengi. Mtu akikujibu "chini ya moja", picha yake haijathibitisha chochote, si upande wake wala upande wako.

Haya, uwanja ni wenu. Madereva, wapiga picha, mafundi wa kuchapisha na wanafunzi wa ramani, mwageni uzoefu wenu hapo chini. Na aliyefanikiwa kuiona nyumba yao kwa Sentinel-2 atuambie paa lake ni la nini.